Siku Nilipoupitisha Uyoga Mchungu

Sidi, mwanangu,

Cheka kwanza, kisha usome. Najua mimi ni dada yako tu na nimekupita miaka minne. Lakini tangu Mama aende Uarabuni kufanya kazi, mimi nikiwa na miaka kumi na miwili nawe minane, na Baba muda wote yuko barabarani na lori kutoka Changamwe hadi mpakani, ni nani aliyekuwa akitia sahihi kwenye daftari lako la shule? Nani aliitwa na mwalimu siku ulipomfungia mbuzi wa watu darasani? Mama Zawadi wa mlango wa pili huniita "mama mdogo wa Junda." Zamani nilikuwa nikijificha nyuma ya pazia. Siku hizi naitika abee. Kwa hiyo leo wewe ni mwanangu, na kama hutaki, barua hii ndefu, utazoea njiani.

Umekwenda kwa huyo huyo Mama Zawadi kusukwa mistari, na ninavyomjua kwa hadithi, nina saa mbili nzima kabla hujarudi. Hawe ametoka Kaloleni kwa ajili ya mjukuu wake, yuko uani anakuna nazi ya wali wa kukuaga. Mimi nimekaa kitandani kwako, sanduku lako ndilo meza yangu. Unajua kwa nini naandika badala ya kusema. Nikisimama mbele ya mtu, hata awe wewe niliyekuosha masikio, maneno yanarudi ndani na kufunga mlango.

Sabuni, kufuli, ndala, madaftari, hayo yamo kwenye karatasi ya shule na tumeyakagua mara tatu. Siyagusi. Nataka kukuambia habari za uyoga.

Juzi ulinionyesha kwenye simu picha ya hiyo shule yako mpya. Mabweni, nyuma yake msitu wa misonobari, na chini ya mti mmoja uyoga mnene umesimama kama kigoda. Ukaruka. "Dama, huo nitaupika mimi! Si ndio ule ule wa Hawe?" Nami nikajibu, "Labda."

Neno hilo "labda" limenikaa kooni siku tatu. Kwa sababu mimi nina historia mbaya na neno la kusema mbele ya uyoga, na wewe umo katika historia hiyo, ingawa hujui.

Rudi nyuma miaka miwili. Likizo ya Aprili, sisi tuko Kaloleni kwa Hawe, mvua imenyesha wiki nzima na juzi tu imeacha. Mimi nina miaka kumi na saba, wewe kumi na mitatu na mguu mmoja wa buti la mpira uliotoboka. Kesho yake wazee wa upande wa mchumba wa Mjomba Karisa walikuwa waje kula chakula kwa Hawe, na Hawe alikuwa ameapa kwamba hatawapa kuku, maana kuku kila mtu anampa mgeni. Atawapa uyoga wa msituni kwa tui zito. Chakula ambacho, alisema, mtu akikila hawezi tena kukataa ndoa.

Tukaingia msitu wa mirihi, ile miti mirefu ya kwetu, sisi wawili, Hawe, na wale akina mama wawili jirani zake. Unakumbuka uyoga wenyewe ulivyokuwa. Juu umebabuka kahawia kama hamri lililokaa kidogo zaidi kwenye mafuta. Shina nene, leupe, laini, kama mguu wa mtoto anayejifunza kutembea. Na ukiugeuza, chini hauna zile karatasi karatasi za uyoga wa kawaida. Una vitundu vidogo vidogo, vingi, kama godoro la sponji lililokatwa, rangi ya siagi. Ukiuvunja, nyama nyeupe, na harufu ya korosho mbichi. Hawe ana jina lake la Kigiriama. Mimi na wewe tuliuita uyoga wa godoro.

Na unakumbuka sharti. Aliyeokota hautii kapuni mwenyewe. Anamgeukia mwenzake, anamwuliza, "Wauona?" Mwenzake anaupokea, anaugeuza, anautazama chini na shinani, anaunusa. Akiuridhia anasema kwa sauti, "Nauona," ndipo unaingia kapuni. Asiposema kitu, aliyeokota anaulaza chini kifudifudi na safari inaendelea. Hakuna kuulizana kwa nini, hakuna kununa. Kunyamaza kunatosha. Hivyo ndivyo walivyofunzwa na mama zao, ili kosa la macho ya mmoja lisifike chunguni.

Sasa nifikirie mimi, Sidi. Mimi, ambaye shule nzima walinijua kwa kunyamaza. Mimi ambaye mwalimu wa Kiingereza alinipa zawadi ya insha na nikashindwa kusimama kwenda kuichukua. Hapa duniani palikuwa na mahali pamoja tu ambapo kunyamaza kulikuwa kazi, na kazi ya maana. Nilipaswa kuwa bingwa.

Wewe ulikuwa mbele, ukapiga kelele. Ukarudi mbio umeukumbatia uyoga mkubwa kuliko yote ya siku ile, matope mpaka puani. "Dama! Wauona?"

Nikaupokea. Juu, sawa kabisa. Nikaugeuza. Vile vitundu havikuwa rangi ya siagi. Vilikuwa na wekundu kidogo, hafifu, kama pera likianza kuiva ndani. Na shina halikuwa laini. Lilikuwa limechorwa wavu wa kahawia, kama soksi.

Nikaujua. Ngoja nikueleze vizuri, maana hapa ndipo penye aibu yangu. Katika maktaba ya shule kulikuwa na kitabu cha Kiingereza cha uyoga wa misitu ya ng'ambo, kimechanika jalada, hakuna aliyekigusa ila mimi. Nilikisoma kama wengine wanavyosoma hadithi za mapenzi. Humo mlikuwa na ndugu wa uyoga wa godoro, anafanana naye mpaka umchukie. Tofauti yake ndiyo hiyo, wekundu chini na wavu shinani. Hauui, kitabu kilisema, lakini mmoja tu ukiingia chunguni, chungu kizima huwa kichungu.

Kwa hiyo sikuwa mjinga. Afadhali ningekuwa mjinga. Nilijua, ila nilijua kwa Kiingereza. Maneno yote ya kitabu yalinijia kichwani kwa Kiingereza, yamepangwa vizuri, hata moja halikuwa na mwenzake wa Kiswahili, Kigiriama ndiyo usiseme. Nikafikiri, nikifungua mdomo watasema huyu wa shule anajifanya mzungu msituni kwetu. Bado nilikuwa na njia. Kunyamaza tu.

Lakini wale akina mama walikuwa wamesimama wanatuangalia. Mmoja akasema, "Huyu wenu husema lini? Siku ya posa tutajuaje kama amekubali?"

Mwenziwe akajibu, "Mwache. Anaweka akiba. Akizeeka ataongea yote kwa mpigo."

Wakacheka, na si vibaya, walikuwa wakitania tu. Hawe naye akacheka. Nami nikatazama uso wako. Ulikuwa umefumba jicho moja, kama unavyofanya ukiomba kitu. Ule ndio uyoga wako wa kwanza mkubwa.

Nikasema, "Nauona!"

Tena kwa sauti. Wale akina mama wakapiga makofi. "Kumbe ana sauti!" Wewe ukauingiza kapuni kama anayelaza mtoto. Na mimi, Mungu anisamehe, nilitembea njia yote ya kurudi nikijisikia mrefu.

Ya kesho yake unayajua, lakini unayajua kutoka upande wa sahani. Wageni walifika mapema kuliko walivyosema. Hawe aliuonja mchuzi wa tui, ukawa sawa, kisha akautia uyoga niliomkatia mimi, wakati wazee wameshaanza kunawa mikono. Hakuonja tena. Nilikuwa nimeshika jagi la maji mlangoni nilipomwona Mzee Chengo, baba wa mchumba, akimega sima, akachovya, akatia kinywani. Akaacha kutafuna. Macho yake yakatoka kidogo, yakarudi. Akameza kwa nguvu, shingo nzima ikatembea.

"Mama," akasema taratibu, kwa adabu zote, "mboga hii ina dawa?"

Hawe, ambaye alikuwa hajaigusa, akajibu kwa fahari, "Ni dawa ya njaa, baba. Kuleni, iko nyingi!"

Nao wakala. Wazee watano, wanatazama chini kama waliomo kanisani siku ya maziko. Wewe ulitema chako nyuma ya jiko, kuku akaja mbio, akadonoa mara moja, akaondoka zake. Ndipo Hawe alipochukua kijiko akaonja. Sijawahi kuona uso wa mtu ukifunga namna ile. Uchungu wake ulikuwa kama wa mwarobaini uliochemshwa siku mbili. Alipanguza kijiko kwa kanga yake, akakirudisha mahali pake.

Tulicheka sana mwaka ule, kumbuka. Harusini kwenyewe walitania, "Leo kuna mboga ya mama mkwe?" Mjomba Karisa akasema, "Mama amezeeka, macho yamekwenda." Hata wewe ulimwigiza akipapasa uyoga kama kipofu, na ulimwigiza vizuri, nami nikacheka na wengine. Lakini mvua za mwaka uliofuata zilipokuja nilikuwapo pale wale akina mama walipompitia. "Hawe, hatwendi?"

Akawaambia, "Nendeni ninyi. Mimi nisije nikaua watu."

Akarudi kuchambua mchicha. Miaka miwili sasa, Sidi. Mwanamke aliyeujua msitu ule tangu hajaota meno ya pili. Anaamini kwamba macho yake yalimsaliti mbele ya wageni, na uyoga wenyewe haukupita hata mara moja mbele ya macho yake. Ulipita mbele ya yangu.

Siku ile walipomwacha, nilikwenda mwenyewe nikautafuta ule wenye soksi. Niliupata. Nikakata kichwa chake, nikakilaza juu ya karatasi nyeupe, nikafunika kwa bakuli. Kesho yake nikafunua, kulikuwa na unga umedondoka kutoka kwenye vitundu, rangi ya waridi. Wa Hawe ungetoa unga wa kahawia. Nikagusa nyama yake kwa ncha ya ulimi, nikatema, na uchungu ule ukakaa nami mpaka adhuhuri. Kwa hiyo nilikuwa na ushahidi mkononi, karatasi nzima. Nikaikunja nikaitia ndani ya kitabu cha nyimbo, nikaja zangu Junda bila kusema.

Mara ngapi nimejaribu? Krismasi nilianza, "Hawe, ule uyoga..." akanikata, "Usinikumbushe, mwanangu." Nikashukuru kukatwa. Ndivyo tulivyo sisi wenye haya, watu hutusifu kwa upole, kumbe mara nyingine ni woga tu umevaa nguo safi.

Sikuandikii ili uache kugusa uyoga. Wewe ukikatazwa kitu unakilalia mlangoni. Nakuandikia kwa sababu jana nilimwonyesha Hawe ile picha yako, nikamwuliza kama ni ule ule. Akaisogeza simu, akaiweka mbali, akaiweka karibu, kisha akasema, "Mti wenyewe siujui. Nitaujuaje uyoga wake?" Kisha akanirudishia simu. Nilidhani anasema kwa sababu ya macho. Baadaye nikaona kwamba hilo ndilo jibu la kweli kuliko yote niliyowahi kusikia juu ya uyoga, hata katika kile kitabu. Wetu huota na mrihi. Huko kuna misonobari, na uyoga wa misonobari una wenyewe, watu waliozaliwa pale. Utafute mama wa pale anayeujua. Mpaka umpate, wali wa shule utatosha, hata ukiwa na mawe. Wetu ulitupa uchungu tu. Upo mwingine, nao si mchungu hata kidogo, na anayeula hapati nafasi ya kuandika barua.

Na mtu akikuuliza "wauona?", mahali popote, kwa lugha yoyote, na wewe umeona soksi, huna haja ya jina la kitabuni. Siku ile ningesema tu "una rangi ya pera," Hawe angeelewa yote. Pera analijua kila mtu.

Ngoja.

Nimesimamisha kalamu hapo juu nikajisoma, nikaona ajabu. Nimekuandikia wewe kurasa tatu, na mwenye haki ya kuzisikia yuko uani, hatua kumi kutoka hapa, anakuna nazi. Kesho ukiondoka yeye naye anarudi Kaloleni, na masika yako njiani. Nisiposema leo, atakaa mwaka mwingine akichambua mchicha. Nakwenda.

Nimerudi. Sikia.

Nimemkuta juu ya mbuzi, nazi mkononi. Nikasema, "Shikamoo, Hawe."

Akasema, "Marahaba. Si umeniamkia asubuhi? Una nini?"

Nikasimama. Maneno yakaanza kurudi ndani kama kawaida yake. Nikasema haraka, kabla mlango haujafungwa, "Uyoga ule mchungu niliupitisha mimi. Sidi aliokota, mimi nikasema nauona, na nilikuwa nimeona wekundu. Macho yako hayakuwamo."

Akaacha kukuna.

"Rudia," akasema.

Nikarudia, safari hii na wavu, na pera, na karatasi ya unga. Akaweka nazi chini. Nilidhani atalia. Akasema, "Miaka miwili nimekula mchicha, Dama!"

"Naam, Hawe."

"Mchicha! Mpaka mbuzi wananionea wivu!" Akanirushia kifuu, kikanikosa, akanirushia cha pili, kikanipata begani. Akaangalia kile kifuu, akaangalia bega langu, na ghafla akaanza kucheka peke yake. "Basi macho yangu mazima. Nimekupiga umbali wote huo!"

Halafu akanikunjia uso. "Sasa leta simu. Utampigia Mzee Chengo."

Sidi, nilimwomba. Nilimwambia nitaandika. Akasema Mzee Chengo hakuoza binti yake kwa barua. Akaibofya mwenyewe sauti ya nje. Ikaita. Nilitumaini hatapokea, akapokea kwa mlio wa kwanza. Nikasalimia, nikajitaja, nikasema yote, kwa Kiswahili, jasho likinitiririka mgongoni, Hawe kanikazia macho yake mazima.

Mzee akanisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Kumbe haikuwa makusudi?"

"Hapana, babu. Samahani sana."

"Lo! Sisi tulidhani mnatupima! Nilisema hawa wametia mwarobaini waone kama sisi ni watu wa subira. Nikawakanyaga wenzangu miguu, nikawaambia hapana kuacha hata tone. Kaka yangu alitaka kulia. Tukamaliza! Na njiani nikasema, watu wanaopima wakwe namna hii si wa mchezo, binti yangu yuko mikono salama." Akacheka mpaka simu ikakoroma. Kisha akauliza, "Na mama yupo? Mwambie masika haya tutakuja tule ule wa kweli. Lakini aokote yeye."

Hawe akainamia simu. "Nitaokota, Chengo. Na huyu ndiye atakayeugeuza."

Huyo ni mimi. Nimepewa kazi, mwanangu.

Haya uyaeleze ukifika huko, ukipata rafiki wa kucheka naye. Mimi nimebaki mwepesi hata naogopa upepo.

Hawe amemaliza nazi na kuniomba blanketi lako. Kumbe tangu ule mwaka hakuwahi kushika sindano mbele ya watu, na sisi tulidhani ni uvivu wa uzee. Sasa amekaa mlangoni penye mwanga, ametunga uzi kwa mara moja, tena bila kulamba, anakushonea jina lako kwa uzi mwekundu. Hataki msaada. Nimemchungulia. S yako ameishona imegeuka, inatazama nyuma.

Nimemwambia. "Hawe, S imegeuka."

Hakuinua hata kichwa. "Iache hivyo hivyo. Akiibiwa, mwizi atashindwa kusema ni lake."

Nenda salama, Sidi. Nasikia ndala zako kwenye kokoto, na Hawe keshaanza kukusimulia kabla hujafika mlangoni.

Dama